Jini la Kahawa

Ami yangu ndiye aliyenichagua nibebe bahasha ya posa ya kaka yangu. Alisema kanzu yangu imenyooka na mimi si msemaji. Habari za pua hakuuliza.

Pua ilikuwa imeharibika tangu mwanzoni mwa 2021, baada ya ule ugonjwa ambao wakati huo kwetu wengi tuliuita "changamoto ya upumuaji", tukajifunika mablanketi na kupiga nyungu. Kwanza harufu zote zilipotea. Miezi ilipopita zikarudi, lakini zimevaliana nguo. Kitunguu kikikaangwa, nasikia mpira unaoungua. Dawa ya meno, samaki aliyeshinda juani. Halafu siku moja gari la kunyonya maji machafu lilisimama mtaani kwetu, watu wote wakaziba pua, mimi nikavuta pumzi na kuuliza nani anakaanga maandazi. Toka siku hiyo mke wangu akakataa nisimuonjee mboga.

Daktari aliniambia hali hiyo inaitwa parosmia. Wataalamu wengi wanadhani neva za kunusia zikishaharibika na kuota upya hujiunga ovyo, kwa hiyo habari ya chakula inafika ubongoni kama habari ya jaa. Dawa aliyonipa haikuwa kidonge: ninuse waridi, limau, karafuu na mkaratusi, asubuhi na usiku, kwa miezi. Mazoezi hayo, akasema, aliyachapisha Profesa Thomas Hummel wa Dresden, Ujerumani, pamoja na wenzake mwaka 2009. Akaniandikia kwenye karatasi. Nikaikunja, nikaitia mfukoni mwa kanzu. Mtoto wa Unguja aende akafundishwe na Mjerumani kunusa karafuu!

Posa yenyewe ilikuwa Wete, Pemba, na ulikuwa msimu. Majamvi ya karafuu yameanikwa kila uwanja, na wenzangu tangu tuteremke garini wanasema "Mashaallah, harufu hiyo." Mimi nilikuwa nasikia betri iliyovuja.

Tukapokewa baada ya Magharibi. Wazee wa bibi harusi mtarajiwa wamekaa upande mmoja wa mkeka, sisi upande wa pili, wanawake nyuma ya pazia wanasikiliza kila neno. Ami akaanza khutba yake, ile ndefu, inayopita kwa Nabii Adam kabla ya kufika kwetu. Katikati ya khutba ikaletwa sinia ya halua, na nyuma yake birika la kahawa.

Mwaka wa pili yake, 2022, watafiti wa Chuo Kikuu cha Reading kule Uingereza walitoa matokeo yao: ndani ya mvuke wa kahawa mna kemikali chache ambazo watu wenye pua kama yangu huzisikia vibaya mno, hata zikiwa kidogo kiasi gani. Kwa upande wangu walichelewa. Kikombe cha kwanza kilipomiminwa, nilichosikia ni waya wa umeme unaoungua. Si harufu ya mbali. Waya uko hapa hapa, ndani ya ukuta, nyuma ya kichwa cha babu wa bibi harusi. Nikatazama ukuta. Nikaona moshi.

"Moto!" nikapiga kelele. "Umeme unaungua! Tokeni!"

Nikaruka hadi kwenye meni swichi, nikaishusha. Nyumba ikawa giza totoro. Nyuma ya pazia wakaanza kupiga mayowe. Gizani kulikuwa na kitu chekundu kinawaka sakafuni karibu na babu, nami nikakamata jagi la sharubati ya ukwaju nikalimimina lote. Kikalia chwaaa! Majivu yakaruka. Babu akasema "Auzubillahi!" kwa sauti ya mtu aliyelowa. Ami, ambaye alikuwa hajamaliza khutba, akarudi nyuma akakalia sinia ya halua, na halua ya Wete ikishika kanzu haiachii.

Taa zilipowashwa, hakukuwa na moto wowote. Kulikuwa na chetezo cha udi kinaelea katika sharubati.

Kimya. Halafu pazia likafunguka, akatoka bibi wa bibi harusi, mkongojo mkononi, akaja mpaka mbele yangu.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Umekimbia nini, mwanangu?"

"Harufu, bibi."

"Ya udi?"

Ningesema ya kahawa, lakini kahawa yao ndiyo fahari ya nyumba. Nikasema ndiyo.

Bibi akageukia wazee. "Basi. Huyu si mtovu wa adabu. Huyu ana jini. Jini likifukizwa linaruka, nyote mmeona." Wazee wakaitikia kwa vichwa, hata babu, anapangusa ndevu. Ami naye akaitikia, akaniangalia kwa shukrani nyingi. Jini lina heshima yake kuliko mpwa mwehu. Posa ikapokelewa usiku ule ule.

Asubuhi bibi akanikabidhi kifurushi: chupa ya marashi ya mawaridi, ndimu, na karafuu mpya. "Unuse ukiamka, unuse ukilala. Usiache mpaka likuhame." Na simu akawa anampigia ami kuhakikisha. Daktari nilimkimbia, lakini nani amkimbie bibi wa Kipemba? Nikanusa. Harusi ilipofika, kahawa ilikuwa inanuka kiatu kilicholowa tu, na karafuu ilikuwa karafuu.

Bibi akawatangazia wageni wote kwamba jini kalitoa yeye. Mimi, ujuaji wangu, nikachomoa ile karatasi ya daktari nikamsomea: waridi, limau, karafuu, asubuhi na usiku, profesa wa Ujerumani.

Akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza:

"Na hizo karafuu zake, huyo Mjerumani ananunua wapi?"