Mbegu Ilikuwa Moja

Naona ile klipu ya soda ya limao imeshawafikia. Wengine mmetumiwa na watu ambao hata siwajui, na kuna mmoja amenitumia mimi mwenyewe, kisha akauliza, "Huyu jamaa umemwona?" Nimemwona. Kavaa fulana yangu.

Sasa kwa kuwa mshikaji wangu aliyerekodi ameamua kuwa pia msemaji wangu, na chini ya klipu ameandika "Kalipua jiko akitengeneza soda," naomba niweke mambo sawa. Kwanza, haikuwa jikoni. Jikoni kuna sinki, kuna vigae, kuna matambara. Ilikuwa sebuleni, juu ya zulia. Pili, sikulipua kitu. Chupa ni nzima, iko hapa naiangalia. Tatu, sikulia. Wewe jaza limao puani halafu uniambie macho yako yamefanya nini. Na hii habari kwamba nilitoa mbegu mbili za limao puani nitaifikia, tulieni.

Chanzo cha yote ni shangazi. Mnamjua, ni yule yule wa kile kisa cha pazia nilichowahi kuwasimulia. Alipokuja safari iliyopita nilimkaribisha kwa maji ya limao yenye gesi niliyotengeneza kwa njia ya mkato: limao, sukari, maji baridi, halafu kijiko cha magadi soda. Yaliumuka vizuri sana kwa muda wa kupiga chafya, kisha kimya. Magadi yakikutana na asidi ya limao gesi inatoka kweli, lakini yote inatokomea hewani wewe ukiwa bado unatafuta glasi, na ule uchachu nao unaliwa humo humo. Kinachobaki ni chumvichumvi. Shangazi alipiga funda moja, akaiweka glasi mezani taratibu, akabeua.

"Ahsante mwanangu," akasema. "Kiungulia kimeisha."

Neno hilo lilininyima usingizi. Mtu umemkamulia malimao kwa mikono yako, anakushukuru kwa dawa.

Ndipo nikahamia kwenye hamira. Hamira hii hii ya mikate. Ukiifungia kwenye chupa na maji ya limao yenye sukari, inakula sukari na kutoa gesi, na gesi ikikosa pa kwenda inazama kwenye maji yenyewe. Huhitaji mashine wala mtungi. Unachohitaji ni subira na chupa ya plastiki, siyo ya kioo, kwa sababu ya plastiki unaweza kuibonyeza ukajua imefikia wapi, wakati ya kioo inakaa kimya mpaka siku inapopasuka. Mnaona? Nilikuwa nimesoma. Mshikaji anasambaza kwamba nilikurupuka. Nilisoma maelekezo yote mpaka mwisho, nikayaelewa, ndipo nikayaboresha.

Maelekezo yalisema hamira kiduchu, robo ya kijiko cha chai inatosha chupa nzima. Nikaitazama ile robo pale kijikoni, nikaona huu ni uchoyo. Nikaweka kijiko cha kulia wali, kikajaa mpaka kikafanya kilima. Yalisema uache nafasi ya vidole viwili juu ya chupa. Nafasi hiyo ni ya nani? Nikajaza. Yalisema uchuje. Sikuchuja, maana napenda mgeni aone kwamba limao lilikuwepo, siyo aambiwe. Yalisema chupa ikishakuwa ngumu uiweke kwenye friji, kwa sababu baridi inaifanya hamira ilale, na pia maji ya baridi yanashika gesi vizuri zaidi: maji ya nyuzi 0 yanabeba karibu mara mbili ya yale ya nyuzi 20. Nilitengeneza chupa mbili. Moja niliiweka kwenye friji mapema kwa sababu dirishani pana nafasi ya chupa moja tu. Ya pili nikaipa jua.

Wale mnaopenda hesabu (nawajua, mko watatu na wote ni wachokozi): gramu 4 za sukari zikiliwa zote na hamira zinatoa takribani lita moja ya gesi. Soda ya kawaida huwa na kama lita tatu na nusu hadi nne za gesi katika kila lita ya kinywaji. Mimi kwenye chupa ya lita moja na nusu niliweka sukari gramu 150. Hamira isingeimaliza yote, sawa, lakini ilikuwa na jua, ilikuwa na muda, na ilikuwa kilima. Pigeni wenyewe.

Siku ya siku ikafika. Shangazi kaja na gauni jeupe. Simlaumu, mtu ana haki ya kuvaa jeupe. Mshikaji alikuwa amejitandaza kwenye kochi tangu asubuhi, kwa sababu hana kwao. Nikaenda dirishani kuchukua chupa nikakuta haisimami. Mnavijua vile vijiguu vitano vya chini ya chupa ya soda? Vilikuwa vimejaa upepo vyote, kitako kimekuwa duara, ukiigusa tu inayumba. Ukiibonyeza ubavuni, kidole ndicho kinachoumia. Na mimi nikasema, kwa sauti, mshikaji ni shahidi: "Imeiva."

Nikaibeba mpaka sebuleni. Shangazi akaitazama juu chini.

"Na hii gesi kaiweka nani?"

Swali jepesi kabisa. Mtu mwenye haraka na maisha yake angejibu "hamira, shangazi" akaenda kuleta glasi. Mimi nikasimama katikati ya zulia, chupa mkononi, nikaanzia mwaka 1767.

Nikamweleza kwamba kulikuwa na Mwingereza mmoja, mchungaji, Joseph Priestley, aliyekaa jirani na kiwanda cha bia mjini Leeds, akagundua kwamba maji ukiyaweka juu ya mapipa ya bia inayochachuka yanaishika ile gesi na kuwa matamu kunywa. Hapo nikainua chupa juu, kuonyesha maji yalipokuwa. Nikaeleza kwamba mwaka 1772 alichapisha maelezo ili kila mtu aweze kutengeneza; nikaishusha. Nikaenda Geneva kwa fundi wa saa Jacob Schweppe, aliyefungua biashara ya maji ya gesi mwaka 1783. Nikaipeleka chupa kulia, ambako niliamua Geneva ndiko iliko. Nikarudi Leeds. Shangazi anafuata chupa kwa macho, Leeds, Geneva, Leeds. Kisha nikamalizia na somo la usalama, na maneno haya yamo kwenye klipu, msije mkasema nimetunga: "Jambo moja la muhimu, shangazi. Chupa ya namna hii haitakiwi kutikiswa." Na ili aelewe kutikiswa ni kupi, nikaitikisa.

Wewe uliyeandika "hapa nilisimamisha klipu nikatoka nje kwanza," nimekuona.

Mshikaji akasema, "Kaka, fungua basi." Nikashika kifuniko.

Kwanza ulitoka mlio mwembamba. Tssss. Mlio wa heshima, mlio wa soda ya kununuliwa. Nikamgeukia shangazi kwa lile jicho la "umesikia?" na shangazi akaitikia kwa kichwa. Akaitikia! Laiti mambo yangeishia pale. Nikazungusha tena kidogo.

Ndipo nikaiona mbegu. Ilikuwa imelala chini kabisa. Ikavaa vipovu mwili mzima, ikajiinua, ikaanza kupanda. Sijui kwa nini niliitazama ile mbegu badala ya kufunga chupa, lakini niliitazama. Ilipanda bila papara. Nyuma yake nyama zote za limao zikaamka, kila uzi na vipovu vyake, kwa sababu gesi hutafuta pa kujishikiza ili itoke, na mimi nilikuwa nimeiachia malimao mazima ya kujishikiza. Kisha maji yote yakageuka meupe, kuanzia chini kwenda juu, na ile tssss ikashuka sauti, ikawa nzito.

Nikasema nifunge. Vidole vikapokea amri, vikazungusha. Upande ule ule wa kufungulia.

Kifuniko kikaondoka. Kilipiga dari, ta!, na mpaka sasa hakijapatikana.

Hapo nilikuwa na njia nyingi za kiungwana. Dirisha lilikuwa wazi. Sinki haikuwa mbali. Ningeweza hata kumwelekezea mshikaji, na angestahili. Lakini kichwa changu, kichwa kile kile kilichotunza mwaka 1767, kikachagua jambo moja: ziba kwa mdomo.

Na kwa muda mfupi, jamani, ilikubali. Tazameni vizuri, mtaona mashavu yanajaa, la kushoto, kisha la kulia. Nyusi zinapanda. Mkono wa pili umenyooshwa kumtuliza shangazi, kwamba kila kitu kiko sawa. Ndipo mnamsikia mshikaji, yule rafiki wa kweli, akipiga kelele nyuma ya kamera: "Meza! Kaka, meza!"

Nikameza. Kumeza gesi siyo kuimaliza, ni kuihamisha. Tumbo lilipokea, likafikiri, likarudisha. Mbweu ikawa inapanda, chupa inashusha, vikakutana kooni, na mlango pekee uliokuwa wazi ni pua.

Watu wengi hamjawahi kutoa maji ya limao puani, na nawaombea iwe hivyo hivyo. Siyo maumivu. Maumivu yana mahali. Hii ilianzia nyuma ya macho ikaenda mpaka masikioni, nikasikia uchachu kwa masikio. Na ndiyo, mbegu ilipita hapo. Moja. Mshikaji ameandika mbili, juzi kuna mtu amesema tatu, kesho mtaniambia nilitoa mche wa mlimao. Ilikuwa moja, tundu la kushoto, na ilitua kwenye mkoba wa shangazi, ambao ulikuwa wazi.

Sasa sioni. Macho yamefumba yenyewe. Nikageuka kutafuta taulo, na chupa, kwa kuwa niliishika mimi, ikageuka pamoja nami. Ile mnayoita "dansi" haikuwa dansi, nilikuwa natafuta taulo. Ukuta ukapata, pazia likapata (lile lile), mshikaji akapata, ingawa hiyo sehemu ameikata ili aonekane mtu mkavu. Niliposikia "Yesu na Maria!" nikajua nimefika upande wa shangazi, nikajaribu kurudi nilikotoka, na hivyo nikampitia mara ya pili.

Kisha chupa ikaisha nguvu. Ndani kulibaki kama robo glasi na nyama za limao.

Kimya. Matone tu yanadondoka kutoka darini. Shangazi akavua miwani, akaifuta kwa sehemu ya gauni iliyobaki kavu, akaivaa. Akalamba mdomo wa juu. Akafikiri.

"Safari hii," akasema, "ina gesi."

Mengine ni ya kawaida. Zulia liko kwenye kamba. Sisimizi walikuja siku ile ile, nadhani na wao walitumiwa klipu. Dari lina alama ambayo nimeamua kwamba ilikuwepo tangu zamani. Gauni limefuliwa, limetakata, na mbegu nimerudishiwa ikiwa imefungwa kwenye karatasi, bila maelezo. Pua ilinuka limao kwa muda mrefu kuliko nilivyotarajia. Chai ilikuwa limao, sabuni ilikuwa limao, hata vitunguu.

Imebaki ile chupa ya kwenye friji. Nimeibonyeza, ni ngumu kiasi lakini inasimama vizuri kwa miguu yake yote mitano. Mpango ni kuifungulia kwenye sinki, ikiwa ya baridi vilevile, robo mzunguko, naacha ipumue, nafunga, narudia, na bila historia yoyote. Shangazi kanipigia kuuliza kama imeshafunguliwa. Nikasema bado, shangazi. Akasema nimsubiri Jumamosi, anakuja na koti la mvua na glasi yake mwenyewe. Mshikaji alikuwa pembeni anasikiliza, hajasema kitu. Ameenda tu kuchomeka simu kwenye chaji.