Rikidozan: shujaa wa Japani aliyeifungia Korea yake chumbani

Februari 1954, umati ulijazana mbele ya stesheni ya Shimbashi jijini Tokyo, shingo zimenyooshwa kuelekea televisheni iliyotundikwa hadharani. Matangazo ya televisheni yalikuwa na umri wa mwaka mmoja tu, na wenye seti nyumbani walihesabika. Kiooni, mwanamieleka Rikidozan, aliyevaa suruali nyeusi ya kubana, aliwatandika ndugu wawili, Ben na Mike Sharpe, kwa ubavu wa kiganja, na watu wakapiga kelele kana kwamba ni wao wanaopiga. Nchi iliyoshindwa vita mwaka 1945, kisha ikakaliwa na majeshi ya kigeni hadi 1952, ilimwona mtu wake akiwayumbisha Wamarekani. Pambano la kwanza liliisha sare. Nani alijali?

Ila akina Sharpe hawakuwa Wamarekani, walikuwa Wakanada wa Hamilton, Ontario. Na huyo "mtu wao" alizaliwa Korea mwaka 1924, wakati Korea ni koloni la Japani, jina lake Kim Sin-rak. Alihamia Japani akiwa kijana, akaingia kwenye sumo, mieleka ya jadi ya Kijapani, na umma ukaambiwa ni Mitsuhiro Momota, mwenyeji wa Omura, mkoa wa Nagasaki. Hadithi hiyo hakuikana hadharani Japani mpaka anakufa.

Je, alikosea? Wanaomlaumu wana hoja nzito. Wakorea wapatao 600,000 waliobaki Japani walivuliwa uraia mwaka 1952, mkataba wa amani wa San Francisco ulipoanza kutumika. Kupata kazi kulikuwa taabu, kupata nyumba ya kupanga taabu. Katikati ya dhiki hiyo alikuwapo Mkorea mmoja ambaye nchi nzima ingemsikiliza. Angesema "mimi ni mmoja wao", mashabiki wangelazimika kuchagua kati ya mapenzi yao na dharau yao. Hakusema. Kibaya zaidi, kila pigo lake liliwapa kiburi cha kitaifa watu wale wale waliowabagua wenzake. Hilo linaniuma, na sioni watetezi wake wanavyoweza kulikwepa.

Lakini tutazame alikotoka. Kwenye sumo alifika daraja la sekiwake, la tatu kutoka juu, kisha mwaka 1950 akakata shungi lake la nywele kwa mkono wake mwenyewe na kuondoka. Wapo wanaosema alibaguliwa, wapo wanaosema aligombana na mkuu wa kambi yake kuhusu fedha. Huenda vyote viwili vilikuwapo. Alijikuta kwenye kazi za ujenzi mpaka mieleka ya kulipwa ilipomfikia mwaka 1951. Kumtaka mtu huyo atangaze asili yake, wakati mkate wake wote unategemea kuwa Mjapani, ni kumtwisha peke yake mzigo ambao serikali na jamii nzima walikataa kuugusa.

Sitaki pia kumfanya malaika. Desemba 1954 alipambana na Masahiko Kimura, gwiji wa judo, na kumpiga mpaka akalala ulingoni. Kimura alieleza baadaye kwamba walikubaliana watoke sare, maana katika mieleka ya kulipwa matokeo hupangwa. Rikidozan alikuwa mkali na mwenye tamaa ya kuwa juu, kwa hiyo ukimya wake ulitokana na biashara pia, wala si woga mtupu.

Kinachonifanya niegemee upande wake ni simulizi ya Isao Harimoto, mchezaji maarufu wa besiboli mwenye asili ya Kikorea. Anasema alipomtembelea, Rikidozan alifunga mlango kwa ufunguo, akafungua redio na kusikiliza nyimbo za Korea kwa sauti ya chini, uso umejaa furaha. Bingwa aliyemshinda mwanamieleka mashuhuri wa Marekani, Lou Thesz, huko Los Angeles mwaka 1958 alijificha ndani ya nyumba yake ili asikie lugha ya mama yake! Kila mwanamieleka huigiza ulingoni. Akina Sharpe waliucheza Umarekani wao, taa zikazimwa, wakarudi kuwa Wakanada. Yeye hakuwa na saa ya kuivua sura yake, na waliomnyima saa hiyo ndio ninaowalaumu kwanza.

Tarehe 8 Desemba 1963 alichomwa kisu kwenye klabu ya usiku mtaa wa Akasaka, akafa siku 7 baadaye, na umri wake miaka 39. Mwanafunzi wake wa mieleka Antonio Inoki, aliyeokotwa na Rikidozan huko Brazil akiwa kijana wa familia ya wahamiaji, alikwenda kupigana Pyongyang mwaka 1995. Huko Korea Kaskazini mwalimu wake anahesabiwa mtoto wa nyumbani, na herufi zile zile za jina lake la ulingoni husomwa kwa Kikorea: Ryokdosan.