Mhariri wa The Third Man naye atajwe

Makala niliyoisoma kuhusu filamu ya The Third Man (1949) imewasifu mwongozaji Carol Reed na mpiga picha Robert Krasker, lakini Oswald Hafenrichter, mhariri (mkataji na muungaji wa vipande vya filamu) aliyeteuliwa kuwania Oscar kwa filamu hiyohiyo, hakutajwa hata mara moja. Inauma. Baadaye alifanya kazi hadi Brazil, kwenye filamu ya O Cangaceiro (1953).

Kazi yenyewe ya kuhariri ilikuwa ya mikono: utepe wa milimita 35, fremu (picha mojamoja za utepe) 24 kwa sekunde, futi 90 kwa dakika. Kuunga vipande, unakwangua utando wa picha, unapaka gundi, unabana. Kiungo kinakula fremu. Ukijuta na kukirudisha kipande ulichokata, fremu hiyo haipo tena: picha inaruka, sauti inaachana na midomo. Ndiyo maana wahariri walichomeka utepe mweusi kuziba pengo.