Hiyo ni filamu, ndugu yangu

Nimesoma habari ya huyu binti wa Mbeya anayepiga filamu zisizo na waigizaji wala stori, nikakuta mchangiaji hapo juu anauliza, "Sasa filamu iko wapi?" Mkuu, jambo hili si geni. Mwaka 1929 mwongozaji Dziga Vertov alitoa filamu ya maisha ya mjini kule Umoja wa Kisovieti: haina hadithi, ni watu wanaamka, tramu zinapita, mashine zinazunguka. Hadi leo wanafunzi wa filamu wanaisoma.

Mimi nakaa Mafiati, hapa hapa Mbeya, kwa hiyo kile kipande cha filamu yake ya alfajiri mlichoambatanisha kwenye habari kimenigusa. Ukungu umeficha mlima Loleza, malori ya Tunduma yananguruma barabara kuu, makonda wanaita "Kabwe, Mwanjelwa, Uyole!" Kisha yule mama wa viazi, kitenge juu ya koti la mtumba, na kamera imeganda kwenye mikono yake inayopanga mafungu. Nilitaka kuruka mbele, nikashindwa. Kila siku napita pale na sijawahi kuitazama mikono ile.

Ila kile kinanda alichoweka juu ya picha, hapana. Soko la Mwanjelwa lina sauti yake, aiache isikike. Na bajaji mbona hazipo? Mbeya gani hiyo?

Halafu mwandishi hujasema tutaiona wapi nzima. Huyo binti akitundika shuka jeupe pale Soweto ya hapa Mbeya jioni, mimi na wanangu tunakuja, tutabeba makoti.