Jahazi Hufia Nangani

Kila Mamlaka ya Hali ya Hewa (TMA) inapotoa tahadhari ya kimbunga, lawama hazichelewi kuteremka hadi ufukwe wa Bagamoyo. Wavuvi ni wakaidi, husemwa. Wameambiwa wasiingie baharini, lakini bado wanaonekana majini wakihangaika na vyombo vyao, wengine wakitweka matanga kabisa.

Upande unaolaumu una hoja, na nauanza kwa sababu hoja yake haina mzunguko: bahari ikichafuka, mtu akae nchi kavu. Mwanzoni mwa Mei 2024 kimbunga Hidaya kilipokaribia Mafia, hata boti kubwa za abiria kati ya Dar es Salaam na Zanzibar zilisimamishwa. Barabara ya kusini ilikatika pale Somanga. Kimbunga kinachofanya hayo hakichezewi na ngalawa. Wapo wanaokumbushia kimbunga Jobo cha Aprili 2021, kilichotangazwa sana kisha kikafifia kabla ya kutugusa, watu wakaicheka TMA. Kicheko kile hakikuwa cha haki. Kimbunga kinaweza kupinda njia au kupungua nguvu kikiwa karibu kabisa na pwani, na anayetabiri hana budi kusema mapema.

Basi TMA haina kosa hapo. Ninachokitilia shaka ni agizo linalofuata, la "msiende baharini", pale linapodhaniwa kuwa limemaliza kazi.

Tarehe 15 Aprili 1872 kimbunga kiliipiga Zanzibar na kuvuka hadi huku Bagamoyo, kikabomoa majengo ya misheni yaliyokuwa na miaka minne tu. Sultani Barghash hakuwa ametimiza hata miaka miwili kitini. Siku ile alipoteza meli zake, na zilizopotea hazikukutwa katikati ya mkondo: zilikuwa bandarini, mbele ya mji, zimetia nanga. Stima moja, Abydos, ndiyo inayotajwa kusalimika. Nyingine zilikatika amari, yaani kamba za nanga, zikagongana, zikatupwa ufukweni pamoja na majahazi na mashua. Na Aprili ndio mwezi ambao kaskazi imekwisha na kusi inaanza kushika, wakati vyombo vya safari ndefu hungoja upepo wa kurudia kwao. Kwa lugha ya siku hizi, walikuwa wametii agizo.

Wanaoikumbuka dhoruba ile huikumbuka kwa karafuu: mashamba ya Unguja yaling'olewa, Pemba ikanusurika, na tangu hapo Pemba ndiyo mama wa karafuu. Za vyombo hazisimuliwi sana. Barghash baadaye aliagiza meli mpya Uingereza, Glasgow, iliyoundwa mwaka 1878. Nayo ilizamia bandarini hapo hapo, mwaka 1896, ingawa safari hiyo ilikuwa kwa mizinga ya Waingereza.

Sasa tazama ufukwe wetu. Bagamoyo maji ni haba karibu na nchi. Yakipwa, chombo hulala mchangani, yakijaa huelea kikivuta nanga. Hakuna ukuta wa kuvunja mawimbi mbele ya vyombo. Na upepo wa kimbunga huku kusini mwa ikweta huzunguka kama mshale wa saa, hivyo kitovu kikipita juu yako, upepo hutulia kidogo kisha hurudi kutoka upande wa pili. Mahali ulipojificha asubuhi panakuwa mtego mchana. Nahodha mzoefu analijua hilo. Anapoonekana anatweka tanga saa chache baada ya tangazo, huenda hafuati samaki hata kidogo. Anatafuta mikoko ya kujificha: Mbegani, au mlango wa mto Ruvu.

Hesabu yake ni nyepesi kuielewa. Siku tatu bila kuvua ni njaa, lakini njaa ya siku tatu hukopeka. Jahazi likivunjika, tajiri amepoteza mtaji na mabaharia wote wamepoteza mgawo kwa misimu kadhaa, huku deni la nyavu likiendelea kudaiwa. Ngalawa itabebwa na watu wachache ipandishwe juu ya alama ya bamvua, maji yanapojaa kabisa. Jahazi haliinuki hivyo. Agizo moja kwa vyombo vyote viwili ni agizo la mtu asiyewahi kusukuma chombo.

Anayepinga atasema kwamba safari ya kwenda kujificha nayo huua, na amesema kweli. Mto Ruvu wakati wa masika huteremsha magogo, na mvua ya kimbunga huongeza mafuriko juu ya mafuriko. Anayeingia humo usiku akiwa amechelewa ni bora angebaki. Tena Bagamoyo iko kama digrii sita na nusu kusini ya ikweta, ukingoni kabisa mwa eneo la vimbunga. Ndiyo sababu vinatufikia kwa nadra, na ndiyo sababu hakuna mzee wa pwani hii aliyerithi desturi ya kuvikimbia. Lindi ilipigwa mwaka 1952. Huku kwetu hata simulizi za 1872 zimefifia.

Lakini hatari hiyo yote ni ya kuchelewa, na kuchelewa ndiko utabiri wa leo unakokuondoa. Mwaka 1872 hakuna aliyeambiwa kitu. Leo kimbunga kina jina na ramani kabla hakijafika Mafia. Mizani yangu inaelemea kwa mabaharia: saa za mwanzo za tahadhari ziwe za kuhamisha vyombo, mchana, huku kikundi cha usimamizi wa rasilimali za uvuvi (BMU) kikijua nani anakwenda hori (mkono wa maji) gani na nani anapandisha mchangani. Baada ya hapo bahari ifungwe, na atakayetoka kuvua aitwe mkaidi.