Niliyoyaona kwa Wanavajo, na Ngorongoro Yetu

Watu wa Karatu tunawajua watalii kama watu wa Kigoma wanavyowajua dagaa. Tumekua tukiyaona magari yao yakipanda kuelekea lango la Lodoare la kuingilia Ngorongoro, na jioni yakirudi yamefunikwa vumbi jekundu. Ndugu zetu wengi wanakula kwa kazi hiyo: madereva, wapishi, wahudumu wa hoteli, akina mama wanaouza shanga kando ya barabara. Lakini kukaa wewe kwenye kiti cha mtalii, ukalipia safari ya siku nyingi, ukaongozwa na mtu anayekueleza nchi usiyoijua, hilo kwa wengi wetu ni la wageni. Mimi nimelipata nikiwa ughaibuni, katika jangwa la kusini-magharibi mwa Marekani, kwenye ardhi ya Wanavajo, wenyeji wa asili wa nchi ile, na tangu nitoke huko siifikirii Ngorongoro kama nilivyokuwa nikiifikiria.

Safari hizi za makundi zinauzwa sana huku Marekani. Unalipia nafasi yako, mnakutana watu msiojuana, mara nyingi Las Vegas, kisha mnazunguka: Zion na Bryce Canyon katika jimbo la Utah, Page na Monument Valley, halafu Grand Canyon na kurudi mlikoanzia. Kundi letu lilikuwa na Wajerumani, Waaustralia, dada wawili wa Korea Kusini, mzee mmoja mstaafu wa Ohio, na mimi niliyetokea Dallas ninakoishi. Usafiri ni basi dogo lenye tela la mizigo. Kiongozi ni mmoja, na huyo huyo ndiye dereva, ndiye mtoa maelezo, ndiye msimamizi wa jiko, na tairi likipasuka ndiye fundi.

Kituo cha kwanza kilikuwa supamaketi. Tuligawana orodha: mikate, mayai, nyama ya kusaga, maharage ya kopo, barafu ya kujaza deli, na maji mengi. Jangwani wanahesabu karibu lita nne kwa mtu kwa siku, na kiongozi wetu hakuwa na mzaha na hilo. Hakuna aliyeshuka garini kutembea bila kuonyesha chupa iliyojaa. Jioni kila mtu anasimamisha hema lake. Wawili wanakata vitunguu, wawili wanaosha vyombo, kesho mnabadilishana.

Nyumbani mambo hayaendi hivyo. Ukienda kulala mahemani Serengeti, una dereva anayeongoza na una mpishi. Ukipanda Kilimanjaro, una kiongozi na wasaidizi wake, mpishi, na wagumu wanaobeba mizigo ambayo kwa kanuni haizidi kilo 20. Nimewasikia watu huku, hata Waafrika wenzangu, wakisema kwamba mtindo wa Kimarekani ndio wa usawa na wa kwetu ni mabaki ya ukoloni. Sikubaliani nao. Wale wagumu kila mmoja ana watoto anaowasomesha. Kiongozi wetu jangwani alilala wa mwisho, akaamka wa kwanza, akaendesha kutwa nzima kwenye jua kali, na sehemu kubwa ya matumaini yake ilikuwa bakshishi ya siku ya mwisho. Mtu mmoja kubebeshwa kazi za watu wanne ni kampuni kupunguza gharama, tusiite usawa.

Kuna kitu kimoja cha mtindo wao ningependa tukichukue, nacho ni ile nusu saa ya kuosha vyombo pamoja. Mikono ikiwa ndani ya karai la sabuni, kiongozi anakuwa mtu mwenye kwao, mwenye wazazi, mwenye mipango. Tulimjua. Nyumbani wapo wageni wanaomaliza safari nzima bila kulijua jina la mpishi aliyewapikia asubuhi na jioni, na sidhani kwamba wanakusudia ubaya. Hakuna anayewapa nafasi ya kukaa naye.

Kuhusu nchi yenyewe, jangwa lao halifanani na lile la mchanga mtupu tunaloliwaza. Asubuhi ya Bryce, juu ya mita 2,400, niliitambua baridi yake mara moja: ndiyo ile ya ukingo wa kreta yetu. Zion ni bonde la kuta nyekundu lenye mto na miti, na kwa sehemu kubwa ya mwaka magari binafsi hayaruhusiwi kwenye barabara kuu ya bondeni. Tangu mwaka 2000 wageni wanapanda mabasi ya hifadhi. Niliona utulivu wake, nikakumbuka foleni ya magari ikimzunguka duma mmoja Seronera, kule Serengeti, nikatamani wakubwa wetu wapande basi lile siku moja tu.

Tofauti kubwa ni hii: kwetu mgeni anafuata kinachotembea, kule anafuata jiwe. Simba akionekana hahitaji maelezo, kila mtu anashika pumzi. Jiwe halifanyi chochote. Bila mtu wa kulisemea, unapiga picha mbili unarudi garini. Kwa hiyo safari ya jangwani inasimama au kuanguka kwa msimulizi, na hapo ndipo nilipoanza kuuliza ni nani anayesimulia.

Kabla ya kuingia ardhi ya Wanavajo kiongozi alitutangazia mambo mawili. La kwanza, pombe ni marufuku kule, kwa hiyo bia zibaki zilipo, asizifungue mtu. La pili, saa. Jimbo la Arizona halisogezi saa mbele majira ya joto kama majimbo mengi ya Marekani, lakini Taifa la Wanavajo linasogeza, hata sehemu yake iliyo ndani ya Arizona. Unavuka mpaka usio na uzio, na saa yako inaachana na ya jimbo. Vijana wa kundi walicheka. Mimi nilinyamaza, kwa sababu niliona uzito wake: hawa watu wanajipangia saa zao. Wana rais wao, baraza lao katika makao yao makuu Window Rock, polisi wao, na ardhi ya takriban kilomita za mraba 71,000 katika majimbo ya Arizona, Utah na New Mexico. Hiyo ni zaidi ya mara nane ya eneo lote la Hifadhi ya Ngorongoro.

Karibu na mji wa Page kuna Antelope Canyon, mpasuko mwembamba uliochongwa na maji, mwanga ukishuka kutoka juu na kuzipaka kuta rangi ya chungwa. Agosti 1997 mvua ilinyesha mbali, pale penyewe hapakuwa na dalili ya kutisha, mafuriko yakaja na kuua watu 11. Leo huingii bila mwongozaji aliyeidhinishwa na Wanavajo. Kiongozi wetu, pamoja na ujuzi wake wote, alitukabidhi kwa mwenyeji, naye akawa mgeni kama sisi.

Monument Valley ni hivyo hivyo. Dunia inaijua kwa filamu za kauboi, ile minara ya mawe mekundu nyuma ya farasi. Si hifadhi ya serikali kuu ya Marekani. Ni hifadhi ya Wanavajo, waliyoianzisha wenyewe mwaka 1958. Kuna njia ya mzunguko ya maili 17 unayoweza kuipita kwa gari lako, lakini kuingia ndani zaidi lazima uongozwe na Mnavajo. Kuna familia zinaishi mle bondeni hadi leo, na mifugo yao.

Aliyetuongoza alikuwa mama wa makamo, akiendesha gari la wazi. Alituonyesha hogani, nyumba yao ya asili, mlango ukitazama mashariki linakotoka jua. Alitueleza kwa sauti ya kawaida kabisa jinsi jeshi la Marekani lilivyowaswaga mababu zake kwa miguu mwaka 1864 hadi kambi ya Bosque Redondo, New Mexico, mamia ya kilomita, wengi wakifa njiani na kambini, na jinsi mkataba wa 1868 ulivyowaruhusu kurudi nyumbani. Mzee wa Ohio alivua kofia. Hakuna kiongozi wa kampuni ambaye angeweza kutupa saa ile. Angezijua tarehe, lakini asingekuwa anasimulia habari za bibi yake.

Sitaki mtu adhani nimeona pepo. Kaya nyingi za Wanavajo hazina maji ya bomba. Utaona magari yamebeba matangi, watu wakienda kuchota mbali, ndani ya nchi tajiri namna hii. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua, kwa kura 5 dhidi ya 4, kwamba mkataba wa 1868 hauilazimishi serikali kuchukua hatua za kuwapatia maji. Kuwa na lango lako si kuwa na kila kitu. Lakini ni kitu, na mimi nimetoka mahali ambapo hicho kitu kinagombaniwa hivi sasa.

Grand Canyon ilinigusa kwa namna nyingine. Bonde lenye urefu wa kilomita 446 na kina cha zaidi ya kilomita moja na nusu halihitaji sifa zangu. Nilichokaa nacho ni habari za watu wake. Rais Theodore Roosevelt alisimama pale mwaka 1903 akawasihi Wamarekani wapaache kama palivyo, na mwaka 1908 akapatangaza kuwa eneo la kulindwa. Mwaka uliofuata, urais wake ukiwa umeisha, alishuka Mombasa, na katika safari ile yeye na mwanawe Kermit waliua wanyama 512. Huku mandhari ikilindwa, Wahavasupai, wenyeji wengine wa asili waliokuwa wakilima na kuwinda pale, walibanwa hadi wakabaki na kipande kidogo chini bondeni. Walidai kwa miongo mingi. Mwaka 1975 Bunge la Marekani liliwarudishia karibu hekta 75,000.

Wazo la hifadhi isiyo na watu lilikomaa Marekani, likaja kwetu na Waingereza. Wamaasai walitolewa Serengeti wakapewa Ngorongoro mwaka 1959, na Turnbull, gavana Mwingereza wa Tanganyika, akawaahidi kwamba maslahi yao yakigongana na ya wanyama, yao yatatangulia. Waliotuuzia wazo hilo wameanza, polepole na kwa shingo upande, kulirekebisha kwao. Sisi tunaendelea nalo. Tangu 2022 familia zinahamishwa kutoka Ngorongoro kwenda Msomera, Handeni. Serikali inasema wanahama kwa hiari. Wakazi wengi wanasema huduma zimepunguzwa hadi hiari yenyewe haipo. Agosti 2024 maelfu yao walijaa barabarani, magari ya watalii yakasimama. Desemba mwaka huo Rais Samia alikutana na viongozi wao, akatangaza tume mbili.

Mimi ni Mwiraqw, si Mmaasai, na sidai kuwasemea. Najua pia hoja ya upande wa pili, nayo si ya kupuuzwa: watu walikuwa takriban 8,000 wakati hifadhi inaanzishwa, baadaye wakavuka 100,000, na nyasi hazijaongezeka. Mtu yeyote aliyekulia chini ya mlima ule anajua maji yetu yanatoka katika msitu ule. Lakini nimeona kwa macho yangu kwamba mchungaji na mtalii wanaweza kukaa bonde moja, mchungaji akiwa ndiye mwenye kauli, na mtalii akalipa kwa furaha. Nauliza kwa nini boma la Kimaasai kwetu limebaki kituo cha nusu saa, ngoma mbili na shanga, halafu gari linaondoka kwenda kwenye “safari yenyewe”. Kwa nini dereva asikabidhi wageni wake getini kwa kijana wa Endulen au Nainokanoka, mle mle hifadhini, aliyesomea kazi hiyo na kulipwa vizuri, awaongoze siku nzima na kuwaeleza kreta kama alivyoelezwa na babu yake? Dereva hapotezi mkate. Kiongozi wetu hakupoteza wake.

Wenzangu wa huku mnaotaka kwenda, nendeni Aprili, Mei, au Septemba na Oktoba. Julai na Agosti kuna joto la hatari na mvua za ghafla zinazoleta mafuriko. Antelope Canyon wekeni nafasi mapema. Chukueni koti hata kama ni kiangazi. Kadi ya mwaka ya hifadhi za taifa, ile ya dola 80 kwa wakazi wa Marekani, itawafaa Zion, Bryce na Grand Canyon, lakini haikubaliwi Monument Valley wala Antelope. Huko mnawalipa Wanavajo, na anayeuza mkate wa kukaanga kando ya barabara hupendelea pesa taslimu.