Satay ya Ng'ombe: Mchuzi wa Karanga Usubiri

Kila ninapoalikwa kula satay, yaani mishikaki ya Kimalay, iliyopikwa nyumbani, mwenyeji hunieleza kwa fahari jinsi alivyoutengeneza mchuzi wa karanga, ilhali nyama yenyewe ni mishikaki ileile ya tangawizi na ndimu tunayoijua sote, ila imetiwa manjano. Mchuzi ni mtamu, sikatai. Lakini satay ya Wamalay, ile iliyoupatia sifa mji wa Kajang katika jimbo la Selangor nchini Malaysia, huwa imekwisha kolea kabla ya kuchovywa popote, na kwa maoni yangu anayetaka kuipika nyumbani hana budi kutolea jasho lake kwenye kinu.

Humo hutwangwa kwanza mchaichai, ile sehemu nyeupe ya chini, pamoja na vitunguu vidogo vyekundu, kitunguu saumu na kipande cha khulanjani, mzizi unaofanana na tangawizi; kisha hufuata manjano, giligilani, bizari nyembamba na shamari zilizosagwa. Kwa kilo 1 ya nyama mimi hutumia mashina 4 ya mchaichai wala sipunguzi, kwa kuwa harufu yake humtambulisha satay hata aliyefumba macho. Halafu sukari, vijiko vikubwa 4. Wapishi wetu huiogopa sukari kwenye nyama, na hapo ndipo wanapokosea, kwa maana ndiyo inayoungua kidogo juu ya makaa na kuacha rangi ya kahawia yenye ncha nyeusi. Pasipo hiyo nyama hutoka imepauka.

Mara ya kwanza niliongeza papai bichi, kwa mazoea ya mishikaki, nikailaza nyama usiku kucha. Asubuhi ilikuwa ikimeguka kila nilipoichoma kijiti. Satay haihitaji papai. Vipande vyake ni vyembamba, havizidi upana wa kidole, na ulaini wake hutokana na kisu kinachokata nyuzi za nyama kwa kukingama. Viungo ndivyo vilale nayo hadi kesho yake.

Vijiti vya mianzi huvirowesha saa 1, nikatunga nyama na kipande kimoja cha mafuta katikati, nikachoma juu ya makaa makali yasiyo na ndimi za moto, huku nikipepea na kupaka mafuta kwa shina la mchaichai lililopondwa ncha mpaka likawa kama brashi. Ya oveni huiva, lakini moshi wa mafuta yanayodondokea makaa hauna mbadala.

Mchuzi nao, karanga za kukaanga zilizotwangwa zikabaki chengachenga, pilipili kavu na ukwaju, huandaliwa pamoja na matango, vitunguu vibichi na ketupat, yaani wali ulioshikamana ndani ya vifuko vilivyosukwa kwa makuti. Wageni wangu hupewa vijiti 2 vya kwanza vikiwa vitupu, na bakuli la karanga hulileta wakishamaliza.